Je, Kibarua wa Serikali Ana Haki ya Kazi ya Kudumu?

Swali tunalotaka kulizungumza hapa lilianzia barazani, baada ya sala ya Magharibi, nalo lililetwa na watu wawili ambao haikupasa wawe wapinzani: baba na mwanawe. Baba ana umri wa miaka 47. Kwa muda wa miaka 14 amefanya kazi katika masjala ya ofisi moja ya umma katika mji wetu. Yeye ndiye apokeaye barua, ndiye afunguaye majalada, na ndiye ajuaye jalada la mwaka fulani limewekwa rafu gani. Wakubwa wa ofisi wamekuja na kuhamishwa, naye yupo. Lakini katika orodha ya watumishi hayumo. Huitwa kibarua, hulipwa kwa siku alizohudhuria, na kila baada ya miezi mitatu hutia sahihi karatasi mpya isemayo kwamba kazi yake ni ya muda tu. Mwanawe ana stashahada ya utunzaji wa kumbukumbu, na huu ni mwaka wa tatu anatafuta kazi asiipate. Sasa ofisi ile imetangaza nafasi moja ya mtunza kumbukumbu, ajira ya kudumu na malipo ya uzeeni, na mojawapo ya masharti yake ni kwamba mwombaji asizidi umri wa miaka 45.

Baba akasema: "Nafasi ile ni yangu. Nimeifanya kazi yake miaka 14." Mwana, kwa adabu na macho yake chini, akajibu: "Baba, nafasi ile ni ya serikali, na serikali ni ya watu wote. Mimi pia nimo."

Waliokuwapo walinyamaza. Mimi nami nilinyamaza, na tangu siku ile nimekuwa nikilifikiri jambo hili, kwa sababu niliona kwamba kila mmoja wao alikuwa amesema kweli.

Kabla ya kwenda mbali, tulitazame neno lenyewe. Kibarua ni barua ndogo. Katika Unguja ya karne ya 19, mtu aliyekodiwa kwa kazi ya siku alipewa kijikaratasi cha kumwezesha kudai ujira wake, na wengi wa waliokodiwa hivyo walikuwa watumwa, ambao mabwana zao walichukua sehemu ya ujira ule. Baadaye jina la karatasi likawa jina la mtu aishikaye. Hilo peke yake ni jambo la kuzingatiwa: fundi twamwita kwa ufundi wake, mvuvi kwa uvuvi wake, lakini huyu twamwita kwa karatasi yake.

Mambo haya yaliendelea chini ya ukoloni. Katika gati la Mombasa wapakizi walichukuliwa kwa siku, kwa kuwa makampuni hayakutaka kumlisha mtu siku ambayo hakuna meli. Mnamo Januari 1947 mji ule ulisimama kwa mgomo mkuu, na katika miaka ya 1950 wakubwa wa bandari walianza kuwaandikisha wapakizi na kuwapa kazi ya mfululizo. Hawakufanya hivyo kwa huruma. Walikuwa wametambua kwamba mtu asiye na uhusiano wowote na kazi yake hana sababu ya kuitunza. Basi ukibarua si jambo la maumbile kama mvua na jua. Watu waliuweka kwa faida yao, na walipoona hasara wakaupunguza.

Sasa tuje kwenye hoja ya kijana. Ina nguvu kuliko wengi wadhanivyo, na haifai kuipuuza kwa sababu tu aliyeisema ni mdogo kwa umri. Hoja hiyohiyo ilielezwa kwa ukamilifu na Mahakama ya Juu ya India tarehe 10 Aprili 2006, katika kesi ya jimbo la Karnataka ijulikanayo kwa jina la Umadevi. Miongoni mwa walioidai haki yao katika kesi ile walikuwa wafanyakazi wa malipo ya siku katika idara ya kodi ya biashara, walioingia kazini katikati ya miaka ya 1980, nao walitaka wathibitishwe. Majaji watano waliwakatalia. Walisema kwamba katiba ya nchi ile imempa kila raia nafasi sawa ya kuomba kazi ya umma. Kwamba aliyeingia bila tangazo wala usaili amepita mlango wa nyuma. Na kwamba wingi wa miaka hauwezi kuugeuza mlango wa nyuma kuwa mlango wa mbele. Tena walisema kuwa mtu yule alijua tangu mwanzo kazi yake ni ya muda, akaikubali macho wazi.

Kwa hakika maneno haya si ya kudharauliwa. Kazi ya umma ni amana. Mwenye duka akimpenda kijana wake anaweza kumpa kazi ya maisha, maana duka ni lake na hasara ni yake. Mkuu wa ofisi ya serikali hana kiti hata kimoja cha kugawa kama sadaka. Kila kiti ni cha watu, naye ni mlinzi tu. Na sote twajua jinsi baadhi ya vibarua wanavyoingia. Mpwa wa bwana mkubwa huletwa kusaidia kwa mwezi mmoja, mwezi ukawa mwaka, kisha akasema: mimi ni mwenyeji hapa, nithibitishwe. Wakati huo kuna mtu wa tatu ambaye hakuletwa na mjomba yeyote. Yuko kijijini, anacho cheti, na anasubiri tangazo ambalo halitatoka kamwe kwa sababu nafasi imekwisha kujazwa kimya kimya. Huyo hayupo barazani wala mahakamani kusema neno lake. Hakimu mwadilifu hapana budi amkumbuke asiyekuwapo.

Lakini hoja hii ina upungufu, nao ni huu: ni nani aliyeufungua mlango wa nyuma? Kibarua hana ufunguo. Serikali yenyewe ndiyo iliyoufungua, ikamwita, ikampa kazi, ikatumia nguvu zake miaka 14, na alipoomba haki yake ikamgeukia na kumwambia: hukupita mlango wa mbele. Lau mtu wa kawaida angefanya hivi tungesema amejinufaisha kwa kosa lake mwenyewe. Na ule mlango wa mbele, kwa miaka 14 yote hiyo, ulikuwa umefungwa kwa sababu tangazo halikutolewa. Kijana wa kijijini alidhulumiwa kweli, lakini aliyemdhulumu si yule mzee wa masjala. Aliyemdhulumu ni yule aliyeona ni nafuu kuwa na kibarua kuliko kutangaza nafasi.

Ama habari ya kuridhia macho wazi, yataka kutazamwa kwa makini. Mwenye njaa akiulizwa kama ataka nusu ya mkate atasema ndiyo. Jibu lake laonyesha njaa yake, na wala halionyeshi kwamba nusu ile ndiyo haki yake.

Hata hivyo tusivuke mpaka. Ajira ya muda yenyewe si haramu wala si aibu. Katika Suratul Qasas tunasoma habari za Nabii Musa (a.s.) alipofika Madyan akiwa mkimbizi asiye na kitu. Mzee mmoja, ambaye wafasiri wengi humtaja kuwa ni Nabii Shuaib (a.s.), akapatana naye amfanyie kazi miaka minane, na kama akipenda kuitimiza kumi, hiyo itakuwa hiari yake. Tazama sifa za mapatano yale. Muda ulitajwa mwanzoni. Malipo yalitajwa. Mwenye mali ndiye aliyeahidi kutomtaabisha mfanyakazi. Na hiari ya kuongeza muda ilikuwa mkononi mwa yule aliyekuwa dhaifu. Musa hakudai abaki Madyan milele, wala mzee yule hakumwambia kila mwisho wa mwezi kwamba huenda kesho asimhitaji. Muda ulipotimia, Musa akaondoka na ahali yake. Hakuna aliyedhulumiwa.

Basi kosa la ofisi ile ya masjala si kumwajiri mtu kwa muda. Kosa lake ni kusema uongo juu ya muda. Ikiwa mafuriko yameharibu barabara, na watu mia wakaitwa kwa miezi miwili kuitengeneza, kazi ile ni ya muda kweli. Barabara ikitengemaa kila mtu achukue ujira wake na kwenda zake, na hakuna haki iliyobaki. Ikiwa mwalimu amekwenda likizo ya uzazi na mwingine akashika darasa lake, ni hivyo hivyo. Lakini barua huingia katika ofisi ya umma kila siku ambayo Mungu ameijaalia. Kazi ya kuzipokea haina mwisho. Kuiita ya muda ni sawa na mchuuzi aliyelitoboa pishi lake chini. Suratul Mutaffifin imeteremka na onyo kwa watu wanaotaka wapimiwe kamili na wao wanapopima wakapunguza. Serikali imepimiwa miaka 14 kamili, nayo imelipa kwa kipimo cha siku moja moja.

Nafikiri Mahakama ya India nayo iliuona uongo huu, ingawa ilichukua muda. Katika hukumu ileile ya 2006 iliacha dirisha dogo: waliotumikia miaka 10 au zaidi katika nafasi zilizoidhinishwa, wakiwa na sifa za kazi, na ambao hawakubakizwa kazini kwa amri za mahakama tu, wafikiriwe mara moja wathibitishwe. Ilitenganisha kati ya aliyekosa utaratibu na aliyekosa haki kabisa. Kisha tarehe 20 Desemba 2024 ilikuja mbele yake kesi ya watu wachache tu, wafagizi na mtunza bustani wa ofisi ya tume ya maji ya serikali kuu, baadhi yao wakiwa kazini tangu miaka ya 1990. Walikwenda mahakamani kuomba wathibitishwe. Ombi lao liliposhindwa katika baraza la kwanza mwaka 2018, miezi michache baadaye wakaachishwa kazi. Mahakama ikaamuru warudishwe na wathibitishwe, na ikasema wazi kwamba hukumu ya 2006, iliyowekwa kuzuia upendeleo, imegeuzwa na baadhi ya ofisi kuwa ngao ya kuwanyima watu waliotumika kwa uaminifu. Ofisi haifanyi kazi bila kufagiliwa, na ufagio hauna msimu.

Jirani zetu wa Kenya wana sheria nzuri katika jambo hili. Sheria yao ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 37, yasema kwamba kibarua aliyefanya kazi mfululizo kwa muda usiopungua mwezi mmoja, au aliyepewa kazi isiyotazamiwa kumalizika chini ya miezi mitatu, ahesabiwe kuwa mfanyakazi wa mwezi, mwenye haki ya kupewa ilani kabla ya kuachishwa. Haimpi kazi ya maisha. Lakini yamwondolea ule uongo wa siku moja. Pamoja na hayo, uongo una majina mengi. Walimu wa shule za sekondari msingi waliokwisha kufuzu na kusajiliwa waliingizwa madarasani kwa jina la wanagenzi, kwa posho ya shilingi 20,000 kwa mwezi kabla ya makato. Mwanagenzi ni mtu anayejifunza kazi. Hawa walikuwa wakifundisha masomo yote ya wenzao wenye mishahara kamili. Tarehe 17 Aprili 2024 mahakama ya kazi huko Nairobi ikaona kwamba mpango ule haukuwa na msingi wa sheria. Walimu wakagoma, na baadaye serikali ikatenga fedha za kuwathibitisha walimu 46,000 kuanzia Januari 2025. Wauguzi na matabibu waliochukuliwa kwa mikataba mwaka 2020, wakati maradhi ya korona yalipoingia, nao walikaa nje ya jengo la wizara ya afya mwaka 2025 wakidai jambo hilohilo.

Hapa msomaji mwenye akili ya hesabu atauliza: fedha zitoke wapi? Ni swali la haki. Kanuni za fedha za Kenya zataka mishahara isizidi asilimia 35 ya mapato, na hazikuwekwa kwa ukatili. Kaunti inayomaliza mapato yake kwa mishahara itakuwa na wauguzi wasio na dawa. Lakini tufikiri. Mgonjwa amehudumiwa, mtoto amefundishwa, barua imepokelewa. Kazi imefanyika kwa thamani yake kamili. Ikiwa aliyeifanya amelipwa nusu, ile nusu ya pili haikupotea hewani. Imelipwa na mke wake sokoni, na mtoto wake aliyekosa ada, na mwili wake usio na bima. Hii ni kodi, nayo inatozwa kwa walio dhaifu pasipo bunge lolote kuipitisha. Serikali isiyo na fedha za watu kumi na iajiri watu saba na kuwaambia wananchi kwamba huduma itapungua. Huko ndiko kusema kweli. Katika kesi ya Agosti 2025 mahakama ya India ilisema kwa maana hiyohiyo kwamba uhaba wa fedha peke yake hauwezi kuwa jibu kwa mtu aliyefanya kazi ya kudumu kwa miaka mingi.

Kuna madhara mengine ambayo wengi hawayataji, nami nayaona ndiyo makubwa zaidi. Baba yule alitusimulia kwamba mwaka mmoja aliitwa chumba cha ndani na kuambiwa arudishe nyuma muhuri wa tarehe katika barua ya zabuni iliyokuwa imechelewa kufika. Alikataa. Hakufukuzwa, kibarua hafukuzwi. Miezi mitatu ilipokwisha hakuletewa karatasi ya kutia sahihi, basi. Alikaa nyumbani miezi miwili, akirudishiwa akiba ya unga na majirani, mpaka alipoitwa tena kwa kuwa hakuna aliyeweza kuyapata majalada. Alituambia: "Mara ile nilikataa. Sijui kama ningekataa mara ya pili." Ni kauli ya mtu mkweli. Mtumishi wa kudumu akikataa amri mbaya, analo baraza la nidhamu, anayo rufaa, ana sheria nyuma yake. Kibarua ana imani yake tu. Nasi wananchi, ambao siri zetu na hati za viwanja vyetu zimo ndani ya majalada yale, tumemweka mlinzi mlangoni kisha tukamnyima fimbo. Kwa hiyo uthabiti wa kazi ya umma si zawadi kwa mtumishi peke yake. Ni kinga ya amana yenyewe.

Imepokewa kwamba Imam Ali (a.s.) alimwona mzee kipofu akiomba njiani, akauliza kuna nini. Akaambiwa kwamba huyo ni Mkristo, kana kwamba hilo lilitosha kuwa jibu. Akawalaumu kwa kumtumia mtu hata amezeeka na kushindwa, kisha wakamnyima, na akaamuru apewe matumizi kutoka Baitul Mali. Habari inayofanana na hiyo imepokewa pia juu ya Khalifa Umar na mzee wa Kiyahudi. Hakuna katika habari hizi aliyeuliza yule mzee alitia sahihi mkataba gani. Lililoangaliwa ni kwamba nguvu zake zilitumika, na kwamba jumuiya iliyofaidika na ujana wake haiwezi kuukana uzee wake.

Nikiulizwa basi, kibarua wa serikali ana haki ya kazi ya kudumu? Sitasema ndiyo kwa kila kibarua, maana yumo mpwa wa bwana mkubwa, na yumo yule wa barabara ya mafuriko. Wala sitasema kwamba miaka peke yake humpa mtu kiti. Nasema kwamba kazi ikiwa ya kudumu, aliyeifanya kwa uaminifu na kwa ujuzi ana haki ya kwanza ya kupimwa kwa ajili yake, na miaka yake ihesabiwe kama cheti kinavyohesabiwa. Sharti la umri lisitumike dhidi yake, kwa sababu alipoingia alikuwa na miaka 33, na waliomzeesha ndio haohao wanaomwambia amezeeka. Muda wote anaosubiri alipwe sawa na anayefanya kazi kama yake. Na ikiwa katika mashindano ya haki atashindwa na kijana mwenye elimu zaidi, basi aondoke na kiinua mgongo cha miaka 14, asiondoke na shukrani za mdomo. Kijana wa kijijini hapati hasara katika mpango huu. Naye atakuwa ameshindana na mtu, si na ujanja.

Niliyasema haya barazani wiki iliyofuata. Baba akasema ni maneno mazuri, lakini tangazo limekwisha kubandikwa na sharti la umri limo. Kisha akamgeukia mwanawe akamwambia aombe, na aandike vizuri, asikose hata kiambatanisho kimoja, kwa sababu yeye ajua ni barua zipi huwekwa kando. Tangazo lilitaka maombi yapelekwe ofisini kwa mkono. Kijana akayapeleka Jumatatu, siku tatu kabla ya mwisho, na aliyeyapokea dirishani, akayagonga muhuri wa tarehe na kuyafungulia jalada, alikuwa baba yake.